Uzi: Marcel Dalio, yule mchezesha kamari wa Casablanca alikuwa nani hasa?

Msoma Picha (mleta uzi)

Wakuu, salaam kwenu. Humu ndani nyuzi za waigizaji wa Ufaransa kama Gabin, Delon na Belmondo zipo tele, na ni haki yao. Leo naomba tumkalishe kitako mtu ambaye wengi wenu mmeshamwona lakini jina lake hamlijui.

Mliotazama Casablanca ya mwaka 1942 mtakumbuka Kapteni Renault wa polisi anavyoufunga mgahawa wa Rick. Kisingizio chake: ameshtuka, ameshtuka mno, kumbe humu ndani watu wanacheza kamari! Hata hajafunga mdomo, mwanamume mmoja mfupi wa pale mezani anamjia na noti mkononi: hizi hapa pesa ulizoshinda, bwana. Kapteni anashukuru kwa sauti ya chini, anazitia mfukoni. Dunia nzima inamkumbuka kapteni. Mimi namtazama aliyeleta noti. Hakonyezi, hatabasamu, haonyeshi kwamba kuna jambo. Angeongeza chochote usoni, kichekesho chote kingemwagika.

Huyo ni Marcel Dalio. Jina lake halikuandikwa hata kwenye orodha ya waigizaji wa filamu hiyo. Na mwaka 1939, miaka mitatu tu nyuma, ndiye aliyecheza mwenye nyumba katika La Règle du jeu ya mwongozaji Jean Renoir, filamu ambayo wachambuzi wengi huihesabu miongoni mwa bora zilizowahi kutengenezwa. Ametokaje kule mpaka kwenye ile meza ya kamari? Ndiyo habari ya uzi huu.

Tuanze Paris. Alizaliwa huko mwaka 1899, wazazi wake ni Wayahudi waliohamia kutoka Romania, jina la ukoo Blauschild. Alipita Conservatoire, chuo cha sanaa za jukwaa, kisha miaka ya 1920 akapatia riziki yake kwenye kabare na maonyesho ya nyimbo na vichekesho. Msiidharau shule hiyo. Mtu wa kabare anajifunza kupima sekunde: aingie lini, anyamaze kiasi gani, awaachie watu wacheke mpaka wapi ndipo aendelee. Ile noti ya Casablanca imekabidhiwa na mtu aliyeyajua hayo miaka ishirini kabla.

Shida ilikuwa sura. Mfupi, mweusi wa nywele, macho makubwa yanayohama upesi. Waongozaji wa Ufaransa wakiona sura ile walikuwa na nafasi zao tayari: mlaghai, mtoa siri, mgeni wa nchi ya mbali. Chukua mwaka 1937 peke yake. Katika Pépé le Moko ya Julien Duvivier ni L'Arbi, anayewapelekea polisi habari katika vichochoro vya Kasbah, mji mkongwe wa Algiers. Katika Les Perles de la couronne ya Sacha Guitry ni waziri wa Abyssinia (Ethiopia). Mzaliwa wa Paris kabisa, Kifaransa ndiyo lugha yake, lakini kila mtu alimpa kazi ya kuwa mtu wa kwingine.

Mwaka huohuo akaja Renoir na La Grande Illusion. Nikirudi naanzia hapo.

Binti Pangani

Tupo mkuu, wewe shusha. La Grande Illusion ni ile ya wafungwa wa vita ya kwanza, siyo? Kuna yule mwenye vifurushi vya chakula kutoka kwao, anawalisha wenzake wote chumbani. Ndiye huyu?

Msoma Picha

Ndiye, dada. Anaitwa Rosenthal, luteni wa jeshi la Ufaransa, mtoto wa matajiri wa Kiyahudi. Kwa mwongozaji mwingine huyo tajiri angekuwa bahili au mwoga. Renoir kamfanya mkarimu, tena mkarimu mwenye kujionyesha kidogo, maana anapenda wenzake wajue kwamba vyakula vizuri vimetoka kwao. Dalio anavicheza vyote viwili kwa pamoja, ukarimu na kule kupenda kusifiwa, na humchukii hata kidogo.

Halafu kuna ile sehemu ya kutoroka. Rosenthal na Maréchal, ambaye ni Jean Gabin, wanatembea majira ya baridi kuelekea Uswisi. Rosenthal kategua kifundo cha mguu. Njaa imewabana. Wanafokeana, na Maréchal anamtupia usoni kwamba hajawahi kuwavumilia Wayahudi. Anaondoka. Rosenthal anabaki amekaa juu ya jiwe, analia kwa hasira huku anaimba kwa ukali wimbo wa watoto wa kile kijimashua. Maréchal naye kule mbele anauimba, anafika kwenye maneno yanayosema chakula kimekwisha melini, anasita. Anarudi. Hakuna anayeomba radhi. Tazameni Dalio anavyomtazama mwenzake akirejea: hakuna shukrani ya kupitiliza, hakuna machozi mapya. Anauliza kwa nini umerudi, basi.

Filamu hiyo ilifika mpaka kushindania tuzo ya filamu bora ya Oscar, ya kwanza isiyo ya Kiingereza kufika hapo. Kwa Goebbels, waziri wa propaganda wa Hitler, ilikuwa adui mkubwa, akaipiga marufuku.

Nahodha

Mkuu swali moja kabla hujaendelea. Humo ndani ya La Grande Illusion kuna mfungwa mmoja Mwafrika. Anachora. Anawaonyesha wenzake mchoro wake na hakuna anayeujali. Ile sehemu iliniuma. Huyo naye ni nani?

Msoma Picha

Nahodha, swali zuri sana. Niachie nilijibu mwisho, halifai kupitishwa kwa mstari mmoja.

Sasa 1939. Naomba mnivumilie hapa, ndiko nilikokuwa nakwenda.

Renoir anatengeneza La Règle du jeu, filamu ya matajiri waliokwenda kuwinda kwenye kasri la Sologne kwa siku chache, kila mmoja na mpenzi wa mwenzake, watumishi nao vilevile. Mwenye kasri ni Marquis Robert de La Chesnaye. Mwinyi wa Kifaransa, cheo cha kurithi. Renoir akampa nani? Dalio. Yule L'Arbi, yule waziri wa Abyssinia.

Na hakuificha. Jikoni watumishi wanapiga soga, mmoja anataja kwamba upande wa mama yake marquis ni wa damu ya Rosenthal wa Frankfurt. Rosenthal tena, jina lilelile! Renoir alitaka watu walisikie.

Dalio anamchezaje huyu marquis? Anapenda vyombo vya muziki vinavyojipiga vyenyewe, ndege wa bandia na midoli ya funguo. Anampenda mkewe, anamwonea huruma hawara wake, hataki kumuudhi mtu yeyote. Kuna mahali anamwambia msimamizi wa msitu wake kwamba hataki seng'enge, na hataki sungura pia. Msimamizi amekwama hapo hapo, maana bila seng'enge sungura wataingia tu. Ndiyo tabia yote ya mtu huyo: anataka mambo mawili yasiyokaa pamoja, na anayataka kwa upole kiasi kwamba wewe mtazamaji unatamani ayapate.

Kisha sherehe ya usiku. Marquis anawaonyesha wageni chombo chake kipya, kinanda kikubwa chenye taa na vijisanamu vinavyopiga kengele. Kamera inapita taratibu juu ya vile vijisanamu, inafika kwa Dalio aliyesimama pembeni. Hasemi neno. Anajipangusa kwa leso, anatabasamu, aibu inamwingia, anajivuna, aibu tena. Renoir mwenyewe alisema huo ndio mkato bora kuliko yote aliyowahi kupiga maishani mwake.

Mimi naona kitu kingine pia pale. Naona mtu aliyezoea kutiliwa shaka mlangoni, safari hii mlango ni wake, na bado hana hakika kama wageni wamemkubali.

Hawakumkubali. Filamu ilionyeshwa Paris Julai 1939, watu wakazomea ukumbini. Sababu zilikuwa nyingi: filamu iliwacheka matajiri, haikueleweka kama ni ya kuchekesha au ya msiba. Lakini miongoni mwa sababu ilikuwa hii: Myahudi anacheza marquis wa Ufaransa! Renoir akaikatakata filamu ili ipendwe, haikusaidia. Vita vikaanza Septemba, na Oktoba serikali ya Ufaransa ikaipiga marufuku kwamba inawavunja watu moyo. Baadaye mabomu yakaiteketeza nakala mama katika maabara ya Boulogne. Tunaiona leo kwa sababu mwaka 1959 Jean Gaborit na Jacques Durand waliokota masanduku ya vipande vilivyosalia, wakaiunga upya kwa ridhaa ya Renoir.

Kaka wa Orléans

Wadau, mimi naishi huku. Lile kasri lipo, ni La Ferté-Saint-Aubin, kusini kidogo ya mji wa Orléans, na watu wanaruhusiwa kulitembelea. Miaka ya 1960 Jacques Rivette alitengeneza vipindi vya televisheni juu ya Renoir, na kimojawapo kinawaonyesha Renoir na Dalio wamekaa kwenye ngazi za kasri hilohilo, wazee wote wawili, wanaongea kuhusu marquis. Mleta uzi, kama hujagusa zile ngazi tafadhali ziguse, maana hotuba ya mwisho iko pale.

Msoma Picha

Ahsante sana kaka. Nilikuwa naziendea.

Mwisho wa filamu mgeni mmoja, rubani shujaa, kapigwa risasi usiku na yule msimamizi wa msitu kwa wivu. Ni mauaji. Marquis anatoka kwenye ngazi, wageni wamesimama chini, anawatangazia kwamba imetokea ajali ya kusikitisha, msimamizi alidhani ni jangili akafyatua kama haki yake ilivyo. Kisha anawasihi waingie ndani, nje kuna baridi. Mgeni mmoja anasema kwa kejeli kwamba hiyo ni maana mpya ya neno ajali. Jenerali mzee anamkatiza: La Chesnaye ana hadhi, na watu wa namna hiyo wanakwisha.

Dalio anaitoa hotuba ile amesimama wima kabisa, sauti haitetemeki, na uongo wake una heshima ya aina fulani inayotisha. Mwaka mmoja baadaye yeye mwenyewe alikuwa barabarani na maelfu ya wakimbizi.

Juni 1940 Wajerumani wanaingia Paris. Dalio na mkewe, Madeleine Lebeau, mwigizaji aliyekuwa bado hajatimiza hata miaka ishirini, wanakimbilia kusini, wanavuka Uhispania mpaka Lisbon, Ureno. Inaaminika kwamba viza za kupitia Ureno walizipata kwa Aristides de Sousa Mendes, yule balozi mdogo wa Ureno mjini Bordeaux aliyewagongea mihuri maelfu ya wakimbizi kinyume cha amri za serikali yake. Wakapanda meli ya Quanza wakiwa na viza za Chile. Walipofika Meksiko ikabainika zile za Chile ni za kughushi. Wakakwama. Hatimaye wakapata hati za muda za Kanada, na kwa hizo wakaingia Marekani.

Sasa itazameni Casablanca upya. Ni filamu ya watu waliokwama Afrika Kaskazini wakihangaikia hati za kufika Lisbon na kutoka Lisbon kwenda Marekani. Aliyesimama kwenye meza ya kamari ametoka kuyapitia hayo. Yule binti Yvonne anayeimba La Marseillaise, wimbo wa taifa wa Ufaransa, machozi yakimtoka ni Madeleine Lebeau, mkewe. Na wakati huohuo wa kupiga picha, mwaka 1942, ndoa yao ilikuwa inavunjika mahakamani.

Kule Ufaransa nako, Wanazi walichukua sura yake wakaibandika kwenye mabango, ili watu wajifunze kumtambua Myahudi. Ndugu zake waliobaki wakaangamia katika kambi.

Binti Pangani

Yaani uso wa marquis uwe ndio wa mabango. Nimeishiwa maneno.

Mzee Kalamu

Mleta uzi, nimekusoma kwa makini na nakuheshimu, ila naona unampamba. Hollywood wakati wa vita ilijaa wakimbizi wa Ulaya wenye majina makubwa kwao. Conrad Veidt alitoka Ujerumani na akapata Meja Strasser, yule afisa wa Kinazi wa Casablanca, nafasi kamili. Peter Lorre naye alifanya makubwa. Dalio akapata dakika mbili, na dakika mbili ni dakika mbili. Tuseme ukweli kwamba kazi yake iliishia 1939, huko kwingine alikuwa anatafuta kodi ya nyumba.

Msoma Picha

Mzee wangu, shikamoo. Nakubali kwamba alitafuta kodi ya nyumba, na hilo halimpunguzii kitu. Lakini tuangalie alipewa nini. Veidt na Lorre walikuwa na kitu ambacho Hollywood ya vita ilikihitaji kila siku, yaani sura na sauti ya kutisha. Dalio alikuwa na nini cha kuuza? Ufaransa. Hapo ndipo pananiuma: kwao walimzomea kwa sababu hakuwa Mfaransa wa kutosha, alipofika Marekani akawa Mfaransa wa kila filamu. Mhudumu wa hoteli, mchezesha kamari (ameshika gurudumu hata kwenye The Shanghai Gesture ya 1941, kabla ya Casablanca), hakimu wa Paris kwenye Gentlemen Prefer Blondes, mkuu wa wahudumu, padri. Mwaka 1944 wakamvisha hadi Georges Clemenceau katika filamu ya Wilson. Mtu ambaye nchi yake ilikuwa inamwinda anacheza waziri mkuu wa nchi hiyo!

Na dakika mbili hazilingani zote. Katika To Have and Have Not ya Howard Hawks, 1944, yeye ni Gérard, mwenye hoteli ya Martinique anayemshawishi Humphrey Bogart awasaidie wapinzani wa Vichy, ile serikali ya Ufaransa iliyoshirikiana na Wajerumani. Hiyo si nafasi ya kupita tu. Bila yeye hadithi haisogei. Katika Sabrina ya 1954 ni yule baroni mzee kwenye shule ya mapishi Paris. Audrey Hepburn kasahau kuwasha jiko, chakula chake hakikuumuka. Baroni anamwambia kwa upole kwamba mwanamke mwenye furaha ya mapenzi huunguza chakula, na mwenye huzuni ya mapenzi husahau kuwasha jiko. Anaondoka na siri yote ya yule binti, na tangu hapo Sabrina ni mtu mwingine. Ukimweka mwigizaji wa kawaida pale, sentensi hiyo inakuwa ya kuchekesha tu. Dalio anaisema kama mtu aliyewahi kusahau kuwasha jiko lake mwenyewe.

Tena kuna hili: mwaka 1955 Wamarekani walipoigeuza Casablanca kuwa mfululizo wa televisheni, Dalio ndiye aliyepewa nafasi ya kapteni. Yule wa kuleta noti akawa wa kupokea noti.

Kibosho Juu

Mkuu nimefungua uzi huu kwa bahati tu na sijutii. Ile The Snows of Kilimanjaro ya Gregory Peck na Ava Gardner, 1952, sisi wa huku tuliitazama kwa ajili ya jina la mlima. Huyu yumo? Maana sura hii naifahamu.

Msoma Picha

Yumo, anaitwa Emile, kwenye zile sehemu za Paris. Ukiirudia, usimsubiri upande wa mlima.

Vita vilipokwisha alirudi Ufaransa, na kuanzia hapo aliishi kwa kwenda na kurudi kati ya Paris na Hollywood mpaka uzeeni. Ningependa niwaambie kwamba nchi yake ilimpokea kwa mikono miwili ikamrudishia hadhi ya marquis. Haikuwa hivyo. Nafasi alizopata nyumbani zilikuwa zilezile za kabla ya Renoir. Mwaka 1948 katika Dédée d'Anvers ni Marco, kuwadi anayemnyonya Simone Signoret bandarini. Mwaka 1960 katika Classe tous risques ya Claude Sautet ni Gibelin, mnunuzi wa vitu vya wizi anayemgeuka rafiki yake, Lino Ventura. Amezicheza vizuri sana, hasa hiyo ya Gibelin, mtu anayekupa kiti na kahawa huku anakuhesabia siku. Ila baada ya 1939 Renoir hakumpa tena nafasi kama ile, na hakutokea mwingine wa kuutazama uso ule akaona mwenye nyumba.

Kwa hiyo Mzee Kalamu, tunapishana kidogo tu. Unasema kazi yake iliishia 1939. Mimi nasema kipaji kiliendelea vilevile, aliyekosekana ni wa kumtazama. Mwigizaji hajichagulii nafasi kama mwandishi anavyojichagulia hadithi. Anasubiri simu.

Mzee Kalamu

Marahaba. Hoja ya mtazamaji naipokea. Hiyo ya Gibelin sijaiona, nitaitafuta. Lakini ukubali pia kwamba kuna filamu nyingi alizopita tu, na si kila mahali alifanya maajabu.

Msoma Picha

Nakubali, mzee. Ana filamu zaidi ya mia moja, na baadhi huwezi kumaliza kuzitazama.

Uzee ulimletea mawili mazuri. Mwaka 1970 katika Catch-22 ya Mike Nichols ni mzee wa danguro la Roma anayebishana na kijana wa Kimarekani, akimwambia kwamba Italia imeshindwa vita lakini itadumu kuliko Marekani. Mtu aliyezomewa, aliyefukuzwa, aliyeishi, anamweleza kijana wa miaka kumi na tisa maana ya kuishi. Na mwaka 1973 mwongozaji Gérard Oury akamchagua kwa Les Aventures de Rabbi Jacob, ile ya Louis de Funès iliyojaza kumbi za Ufaransa kwa tiketi zaidi ya milioni saba. De Funès ni rabi wa bandia. Rabi Jacob wa kweli, anayetua kutoka New York na kupokewa kwa shangwe na jamaa zake wa Paris, ni Dalio. Uso uliobandikwa kwenye mabango ya chuki, sasa Wafaransa mamilioni wanaushangilia, na ni uso wa rabi. Aliandika kumbukumbu zake mwaka 1976, na akafariki Paris Novemba 1983.

Binti Pangani

Mkuu, mtu akitaka kuanza leo aanze na ipi? Na usimsahau Nahodha.

Msoma Picha

Anza na La Grande Illusion, maana hadithi inakubeba yenyewe. Halafu La Règle du jeu, uitazame mara mbili: ya kwanza utachanganyikiwa na milango inayofunguka na kufungwa, ya pili utamfuata Dalio peke yake. Kisha Casablanca. Ukishajua alikotoka, subiri wale vijana wa Bulgaria wanaotafuta pesa za viza. Rick anamwambia kijana aweke pesa kwenye 22, na Dalio bila kuulizwa kitu anafanya 22 itoke, mara mbili. Mwangalie macho yake yanavyokwenda kwa Rick na kurudi mezani.

Nahodha, yule mchoraji anaitwa Habib Benglia. Kazaliwa Oran, Algeria, mwaka 1895, asili ya wazazi wake ni Mali. Mwaka 1923 Firmin Gémier alimpa nafasi kuu ya L'Empereur Jones katika ukumbi wa Odéon, Paris, tamthilia nzima akiibeba yeye. Miaka kumi na minne baadaye, kwenye chumba cha wafungwa wa Renoir, ana mchoro wa Haki ikimfukuza Mhalifu na maneno ya kusema ya kuhesabika kwa vidole. Yumo pia kwenye Les Enfants du paradis, filamu nyingine maarufu ya Ufaransa. Dalio angalau alipata Renoir wa 1939. Benglia hakumpata wa kwake kwenye sinema, na kwa jinsi alivyokuwa mkubwa jukwaani, anastahili uzi wake mwenyewe. Nauandaa.

Nahodha

Uandae mkuu, na uweke yale ya Odéon kwa kirefu. Nimeshakaa.